Neno geni la Kiingereza? Liandike kwa tahajia ya Kiswahili

Wewe unayesoma taarifa redioni Mbarara, au mwanafunzi wa Gulu unayejiandaa kwa mdahalo: ukikutana na neno la Kiingereza usilolijua, usiamini herufi zake. Fungua kamusi, kisha andika matamshi yake pembeni kwa tahajia ya Kiswahili, silabi yenye mkazo kwa herufi kubwa. Kiswahili husomwa kama kilivyoandikwa, ndiyo maana njia hii inafaa sana.

Quay, yaani gati la kupakulia shehena kama lile la Port Bell, ni KII. Victuals, vyakula, ni VI-tolz. Psephology, elimu ya kuchambua chaguzi, ni si-FO-lo-ji. P yake ni kimya, sawa na ya pneumonia na pterodactyl. Maneno haya matatu yenye P kimya yana asili ya Kigiriki.

Mkazo ndio unaotutega zaidi. Katika Kiswahili hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, Kiingereza hakina utaratibu huo. Hyperbole, kutia chumvi katika usemi, ni hai-PA-bo-li, na epitome, kielelezo kamili cha jambo, ni i-PI-to-mi. Wengi husoma mwisho wa hyperbole kwa silabi moja, kama “bowl” ya Super Bowl, fainali ya mpira wa Marekani, na msikilizaji hubaki akijiuliza limesemwa neno gani.

Kamusi inayotumia alama za kifonetiki za kimataifa huweka kistari kidogo cha juu kabla ya silabi yenye mkazo, si baada yake. Kitafute hicho kwanza.