Kusafisha na Kutunza Diski za Gemu Nyumbani Katika Jiji la Joto na Chumvi

Kabla ya kuchukua maji, sabuni au kitambaa chochote, hakikisha kwanza kwamba mwenye kosa ni diski na si mashine ya gemu. Chukua diski nyingine tatu au nne unazojua kuwa ni nzima, uzijaribu moja baada ya nyingine katika mashine ileile. Zikikataa zote, tatizo liko kwenye mashine, huenda kwenye lensi, yaani kile kioo kidogo cha ndani kinachosoma diski, na hata ukisugua diski mpaka kesho hutapata nafuu. Ikikataa ile moja ya mwanzo tu, hapo ndipo kazi ya kusafisha inapoanza. Ninalitanguliza jambo hili kwa sababu hapa Dar es Salaam nimeona diski nyingi zikifa kwa kusafishwa kuliko kwa kuchezwa: mashine inasuasua, kijana anaitoa diski, anaipuliza kwa mdomo, anaifuta kwa upindo wa fulana yenye jasho huku akizungusha mkono kwa duara, anairudisha, na kila anaporudia zoezi hilo anaongeza mikwaruzo mipya juu ya ile aliyotaka kuiondoa.

Jambo la pili ni kujua unashika diski ya aina gani. Diski zote za gemu za ukubwa wa kawaida zina kipenyo cha milimita 120 na unene wa milimita 1.2, na zote hutengenezwa kwa plastiki ngumu iitwayo polikaboneti, lakini kufanana kwazo kunaishia hapo. Katika CD, ambayo ilitumika kwenye mashine ya PlayStation ya kwanza iliyotoka mwaka 1994 na kwenye baadhi ya gemu za PlayStation 2, tabaka lenye data liko juu kabisa, likiwa limefunikwa na vanishi nyembamba na rangi ya picha tu. Kwa hiyo upande ambao watu hawaujali, wanaouandika kwa kalamu na kuubandika stika, ndio ulio dhaifu zaidi: mkwaruzo uliopenya picha umekwisha kuichimba data yenyewe, na hakuna fundi wa kuirudisha. DVD, zilizobeba gemu nyingi za PlayStation 2 na zile za Xbox 360, zimeundwa kwa sahani mbili za milimita 0.6 zilizogundishwa pamoja, data ikiwa imejificha katikati kama nyama ndani ya sambusa. Blu-ray, zinazotumika tangu PlayStation 3 ya mwaka 2006 hadi PlayStation 5, ni kinyume cha CD, kwani data yake iko milimita 0.1 tu kutoka upande unaong'aa, na ndiyo sababu kiwandani upande huo hupakwa tabaka gumu la kuzuia mikwaruzo.

Kipimo kimoja kitakuokolea muda. Inua CD au DVD mbele ya taa, upande wa picha ukiwa umekuelekea, kisha uitazame polepole. Ukiona vitundu vidogo vya mwanga kama matundu ya chandarua, tabaka linaloakisi mwanga limebanduka au limeliwa, na kusafisha hakutasaidia kitu. Kagua pia pete ya tundu la katikati. Ufa mdogo unaoanzia hapo hurefuka diski inapozunguka kwa kasi, na diski ikipasukia ndani ya mashine hutawanya vipande hadi kwenye lensi. Diski yenye ufa usiijaribu hata mara moja.

Ikiwa diski imevuka vipimo hivyo, uchafu wake katika mji wetu utakuwa mojawapo ya vitu vichache. Kuna mafuta ya vidole na jasho, ambayo hayakwepeki mtu anapocheza gemu mwezi wa Januari bila feni. Kuna vumbi laini la barabara za mitaani ambalo huingia kupitia nyavu za madirisha. Kuna unyevu wa pwani wenye chumvi, ambao huacha utando hafifu usioonekana mpaka uigeuze diski kwenye mwanga. Na kuna jambo ambalo wengi hawalifikirii: moshi wa udi na ubani pamoja na dawa ya mbu ya kupuliza, ambavyo hutua juu ya kila kitu sebuleni na kuacha mafuta yanayonasa vumbi. Mwenye kupuliza dawa ya mbu jioni na afunge kwanza makava yote ya diski; ni jambo la nusu dakika.

Anza na njia kavu. Nawa mikono kwa sabuni na uikaushe vizuri, kisha uishike diski kwa ukingo na tundu la katikati tu. Ondoa vumbi kwa pampu ndogo ya mpira ya kupulizia hewa, au kwa kuigonga diski taratibu kwenye kiganja ikiwa imesimama. Usitumie mdomo, kwa kuwa pumzi hubeba mate. Vumbi liondoke kabla kitambaa hakijagusa, maana vumbi la jiji hili ni mchanga, na mchanga uliobanwa kati ya kitambaa na plastiki hufanya kazi ya msasa. Kisha tumia kitambaa laini kile cha kufutia miwani, kilichofuliwa bila dawa ya kulainisha nguo, na ufute kwa mistari iliyonyooka kutoka katikati kwenda ukingoni.

Mistari hiyo iliyonyooka ina sababu yake. Data imeandikwa kwenye njia inayozunguka diski kama kamba iliyoviringwa, na pamoja nayo kuna ziada inayoiwezesha mashine kusahihisha vipande vifupi vilivyopotea. Mkwaruzo unaotoka katikati kwenda nje huikata kila duru mahali padogo tu, na mashine huweza kuziba pengo hilo bila mchezaji kujua. Mkwaruzo unaofuata duara huharibu kipande kirefu cha data mfululizo, na hapo ziada ile haitoshi. Kwa maneno mengine, kufuta kwa duara si kosa la ustaarabu tu. Ni kuchagua aina ya jeraha ambayo mashine haina dawa yake.

Kama mafuta au utando haujatoka, ioshe kwa maji. Tumia maji ya uvuguvugu hafifu au ya kawaida, weka tone moja la sabuni ya maji ya kuoshea vyombo kwenye ncha za vidole, na upitishe vidole kwa wepesi kutoka katikati kwenda nje bila kusugua. Usiiloweke diski kwenye beseni, hasa DVD, kwa kuwa sahani zake mbili zimeshikana kwa gundi na maji yasipewe muda wa kukaa kwenye ukingo. Sabuni ya unga ya kufulia isitumike, kwa sababu chembe zake hukwaruza kabla hazijayeyuka. Diski za kuchoma, yaani zilizonakiliwa kwa kompyuta, zilizoandikwa kwa kalamu au kubandikwa karatasi, zisiguswe na maji upande wa juu. Futa upande wa chini tu kwa kitambaa chenye unyevu.

Katika kusuuza, angalia maji yako yanatoka wapi. Nyumba nyingi hapa hutumia maji ya visima, na baadhi ya visima hivyo vina maji ya chumvi ambayo yakikauka huacha madoa meupe yanayochafua kuliko mafuta uliyokuwa unayatoa. Kuyachemsha hakuondoi chumvi hiyo. Osha kwa maji uliyonayo, lakini umalizie kwa kumwagia diski maji kidogo ya kunywa ya chupa. Nusu kikombe kinatosha. Mtu akikushauri kununua maji ya betri, kuwa mwangalifu sana, kwa maana jina hilo hutumika kwa vitu viwili tofauti, maji safi ya kuongezea betri na tindikali yenyewe, na kosa hapo si la diski tena bali ni la ngozi na macho. Baada ya kusuuza, kung'uta diski, iguseguse kwa kitambaa kikavu ili kinyonye matone, kisha uisimamishe kivulini mpaka ikauke kabisa. Isianikwe juani, na isirudishwe kwenye kava ikiwa bado na unyevu, kwa sababu kuvu huota humo.

Gundi ya stika au doa sugu ndilo pekee linalohitaji spiriti. Watengenezaji wa mashine hushauri kitambaa laini na kutahadharisha dhidi ya vimumunyisho, kwa hiyo ichukue kuwa hatua ya mwisho: matone machache ya alkoholi ya isopropili ya asilimia 70 kwenye kitambaa, si kwenye diski, na kwa upande unaong'aa tu. Spiriti iliyotiwa rangi inayouzwa madukani ina viongezeo vinavyoweza kuacha utando. Petroli, thina na dawa ya kuondoa rangi ya kucha hazina nafasi kabisa hapa. Asetoni iliyomo kwenye dawa hiyo huishambulia polikaboneti na kuigeuza kuwa na ukungu usiotoka milele.

Sasa kuhusu dawa ya meno, ambayo kila mtaa una mtu wa kuisifia. Kwa CD na DVD ushauri huo hauna uongo wote, kwa sababu dawa ya meno nyeupe ni kisagio laini kinachoweza kupunguza makali ya mkwaruzo ulio kwenye plastiki, mbali na data. Ni kung'arisha plastiki, si kusafisha, na kila mara hupunguza unene kidogo. Kwa Blu-ray ni uharibifu mtupu. Mimi mwenyewe, baada ya kufanikiwa na diski moja ya PlayStation 2, niliipaka dawa ya meno gemu ya mpira ya PlayStation 4 iliyokuwa na alama moja nyembamba isiyokuwa na madhara yoyote. Nilipomaliza, tabaka gumu lilikuwa limejaa michirizi, na mashine haikuitambua diski ile tena. Nilikuwa nimeinunua wiki hiyohiyo. Kwa sababu hiyohiyo, mashine za kung'arisha diski zinazopatikana kwa baadhi ya mafundi zinafaa kwa CD na DVD zenye mikwaruzo ya upande wa chini. Mwenye Blu-ray asikubali kuambiwa kwamba zote ni sawa.

Mikwaruzo mingine haitokani na mikono. Mashine ikisogezwa au kubadilishwa kutoka kulala hadi kusimama wakati diski inazunguka, diski huyumba na kugusa vyuma vya ndani, na matokeo yake ni duara moja kamili lililochongwa kama kwa bikari. Xbox 360 ilisifika vibaya kwa jambo hili. Mashine iliyowekwa kwenye stuli ndogo karibu na njia ya kupita watoto ni duara hilo linalosubiri siku yake, kwa hiyo iwekwe mahali pa chini na imara.

Katika kutunza, kava la asili ndilo nyumba bora. Diski itolewe kwa kubonyeza kitovu cha kava, si kwa kuivuta ukingo mpaka ipinde, kwani nyufa nyingi za pete ya katikati huanzia hapo. Makava yasimame kama vitabu, ndani ya kabati, mbali na ukuta wa nje unaonyonya maji wakati wa masika, na mbali na dirisha linalopigwa na jua la mchana. Vile vifuko vidogo vya kunyonya unyevu vinavyokuja kwenye maboksi ya viatu vinasaidia ndani ya boksi lililofungwa vizuri, lakini hushiba. Vilivyokaa kabatini tangu mwaka juzi havifanyi kazi. Mifuko laini ya plastiki, ambayo diski za mitumba huuzwa nayo mara nyingi, hunata kwenye diski kwa joto la hapa, basi hamisha diski siku unayoinunua. Usiiache ndani ya gari, hata kwa saa moja ya foleni ya kivuko.

Mwenye chumba chenye kiyoyozi azingatie jambo moja la mwisho. Diski au mashine iliyopoa sana ikitolewa ghafla kwenye hewa ya nje hupata umande, sawa na chupa ya soda baridi mezani, na umande huo hutua juu ya diski na juu ya lensi pia. Usiifute na usiwashe mashine. Iache kwa saa moja au mbili mpaka ilingane na joto la chumba. Umande utaondoka wenyewe.