Kulima gusiberi nyumbani kwenye baridi ya Nyanda za Juu Kusini

Gusiberi, yale matunda madogo ya njano yanayokaa ndani ya kifuko chembamba, asili yake ni milima ya Andes huko Amerika Kusini. Hali ya hewa ya Mbeya, Iringa na Njombe inaifaa sana. Huku kwetu inakwamishwa zaidi na mambo mawili: sakitu (umande unaoganda usiku wa baridi kali) ya Juni hadi Agosti, na ugonjwa wa ukungu unaotoka kwenye viazi mviringo msimu wa mvua. Ukipanga tarehe na mahali pa kupanda kwa kuzingatia hayo mawili, kazi iliyobaki si ngumu.

Sia mbegu mwishoni mwa Agosti au Septemba ili miche iwe tayari mvua za Novemba zikianza. Huhitaji kununua mbegu nyingi, kwa sababu tunda moja lililoiva lina zaidi ya mia moja. Lipondeponde kwenye kikombe chenye maji kidogo, acha siku moja au mbili hadi ule utelezi ulegee, osha kwenye chujio la chai, kisha anika kivulini juu ya karatasi. Zisie kwenye trei au kopo pana lililotobolewa chini, kina cha nusu sentimita tu, halafu funika kwa nailoni. Huota ndani ya siku 10 hadi 20. Usiku wa baridi ya Makete au Mufindi zinaweza kuchelewa zaidi, kwa hiyo liingize kopo ndani jioni, ulisogeze karibu na jiko lakini si juu yake. Zikishaota, toa nailoni mara moja. Miche iliyosongamana kwenye unyevu hupata kinyausi: shingo inanywea pale inapogusa udongo, mche unalala, na ukishalala haunyanyuki tena. Punguza ibaki na nafasi ya sentimita 5, na mwagilia asubuhi tu.

Hamisha miche ikifikia urefu wa sentimita 15. Hapa kwenye kuchagua mahali ndipo wengi hukosea. Gusiberi ni ndugu wa kiazi mviringo, nyanya, biringanya na mnavu, na magonjwa yao ni mamoja. Usiipande palipolimwa viazi au nyanya ndani ya miaka mitatu iliyopita, hata kama udongo unaonekana mzuri, maana mnyauko bakteria hubaki ardhini. Mmea ukinyauka ghafla ungali kijani na udongo una maji, kata shina karibu na mzizi, ukining'inize kipande ndani ya glasi ya maji safi. Vikitoka vijinyuzi vyeupe kama maziwa ndani ya dakika chache, ni huo. Ng'oa na uchome, hakuna dawa.

Bustanini chimba mashimo yaliyoachana mita 1, kila shimo robo debe ya samadi iliyoiva na kizibo kimoja cha soda cha mbolea ya DAP kilichofunikwa kwa udongo ili kisiguse mizizi. Baada ya hapo acha kabisa urea. Ukiiongezea, utapata kichaka kizuri cha majani na maua yanayopukutika.

Kwa anayepanda barazani au ndani, ndoo ya lita 20 yenye matundu sita hadi nane inatosha mmea mmoja. Changanya sehemu mbili za udongo wa juu, moja ya samadi iliyoiva na moja ya mchanga wa mto. Mmea unataka jua la saa sita au zaidi kwa siku. Kumbuka kwamba Juni na Julai jua letu hupita upande wa kaskazini, hivyo dirisha la kaskazini ndilo la kuhifadhia ndoo wakati wa baridi, na Desemba uihamishie kusini. Maua hujichavusha yenyewe, lakini ndani ya nyumba hakuna upepo. Yatikise kwa kidole kila siku mchana.

Simamisha mti wa kuegemea mapema na ukate matawi ya chini yanayogusa udongo, kwani ukungu huanzia pale. Madoa ya kahawia yenye kingo za majimaji, na utando mweupe chini ya jani asubuhi, ni bakajani chelewa. Toa majani hayo na upulize dawa ya kopa kwa kipimo cha kibandiko, ukiheshimu siku za kusubiri kabla ya kuvuna.

Matunda huanza miezi mitatu hadi minne baada ya kuhamisha. Usichume kwa rangi ya tunda peke yake: kifuko kiwe kimekauka rangi ya ganda la hindi kavu, na tunda liachie lenyewe. Tandaza nyasi kavu chini, uokote kila baada ya siku mbili. Mabichi ya kijani yana sumu inayovuruga tumbo, watoto wasiyaguse. Osha ule utando unaonata kabla ya kula. Yakikaa makavu ndani ya vifuko vyake, hudumu wiki kadhaa kwenye kapu lenye hewa.

Sakitu ikiunguza majani, usikate hapo hapo. Ngoja Septemba, kisha punguza shina libaki sentimita 20, nalo litachipua ikiwa mizizi ni mizima. Mwaka wa pili matunda huwa madogo kidogo, kwa hiyo sia pia miche michache mipya.