Amefungwa kwa kesi ya gobore: namna ya kukata rufaa ukiwa Dodoma

Ndugu yako amehukumiwa asubuhi na mahakama ya wilaya kwa kukutwa na gobore bila leseni. Karandinga limeshaondoka kwenda gereza la Isanga, nanyi bado mmesimama nje mnabishana wakili atalipwa na nani. Wakili atatafutwa kesho. Siku zimeshaanza kuhesabiwa.

Ana siku 10 tangu hukumu kutoa notisi ya kusudio la kukata rufaa. Ni karatasi moja tu: namba ya kesi, mahakama iliyohukumu, tarehe, na kama anapinga kutiwa hatiani, adhabu, au vyote viwili. Juu kabisa iandikwe "Katika Mahakama Kuu ya Tanzania", hata kama inapokelewa na mahakama ya chini. Msicheke, rufaa zimewahi kutupwa kwa kosa la kichwa cha karatasi. Aliye gerezani hupitishia kwa Mkuu wa Gereza, na hana haja ya wakili kwa hilo. Mkienda kumwona, kabla ya salamu za nyumbani muulizeni: "Umeshaweka dole gumba kwenye notisi?"

Hatua ya pili ni kuomba kwa maandishi nakala za hukumu na mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za yote yaliyosemwa mahakamani. Rufaa yenyewe, pamoja na sababu zake, hufunguliwa ndani ya siku 45, lakini muda wa kusubiri nakala hauhesabiwi. Kwa hiyo tunzeni barua ya maombi yenye muhuri na tarehe mliyokabidhiwa nakala. Mkichelewa, mtaomba Mahakama Kuu iongeze muda, kwa kiapo kinachoeleza kilichowachelewesha. "Hatukujua sheria" haisaidii.

Sasa sababu za rufaa, na hapa ndipo watu huharibu. Wanaandika kurasa tatu za "sikutenda kosa" na kuacha yaliyomo kwenye jalada. Shtaka la silaha chini ya Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya 2015 kwa kawaida huenda kama uhujumu uchumi. Ili mahakama ya chini ilisikilize, lazima kuwe na kibali cha Mkurugenzi wa Mashtaka na hati ya kuipa mahakama hiyo mamlaka. Tafuteni karatasi hizo mbili. Zikikosekana, au zisipotaja kifungu sahihi, kesi nzima inaweza kubatilishwa. Ila kubatilishwa si kuachiwa: mahakama inaweza kuamuru kesi isikilizwe upya, kama ushahidi wa Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, una nguvu.

Kisha fuateni bunduki yenyewe. Ilipokamatwa, hati ya ukamataji ilisainiwa na nani? Kulikuwa na shahidi asiye askari, labda mwenyekiti wa kitongoji? Ilitoka kwa askari gani kwenda kwa mtunza vielelezo, kisha kwa mtaalamu wa silaha, ikarudi mahakamani lini? Suala hilo la mnyororo wa utunzaji wa vielelezo Mahakama ya Rufani ililifafanua ikiwa hapa hapa Dodoma, katika Rufaa ya Jinai Na. 110 ya 2007, na mawakili hawachoki kuitaja. Angalieni pia kama ripoti ya mtaalamu ilisomwa kwa sauti baada ya kupokelewa. Isiposomwa, ombeni iondolewe kwenye ushahidi.

Kama alikiri kosa mwenyewe, mlango ni mwembamba: kwa kawaida atapinga adhabu tu, isipokuwa maneno yake ya kukiri yalikuwa na utata.

Asiyeweza kulipa wakili aulizie watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Hukumu za kesi zinazofanana mtazisoma bure kwenye tovuti ya TanzLII, hata kwa simu.

Dhamana wakati rufaa inasubiri inaombwa, lakini hupatikana kwa nadra. Mahakama Kuu ikikataa rufaa, bado kuna Mahakama ya Rufani, na notisi yake ni siku 30 tangu uamuzi huo.