Kushika kamera na kuongoza filamu peke yako: mfano wa bamvua pwani ya Mtwara

Mpiga picha anayeongoza filamu yake mwenyewe ana adui mmoja: jicho likishughulika na fokasi, sikio huacha kusikia. Mama anasema neno zito, wewe unahangaika na mwanga. Ndiyo maana sehemu kubwa ya uongozaji hufanyika kabla kamera haijawashwa.

Chukua filamu ya wanawake wanaochokoa pweza katika kijiji cha Msimbati, Mtwara. Bamvua, yaani maji yanayojaa na kupwa kuliko siku nyingine, huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, na katika pwani hii maji hukupwa kabisa mnamo saa nne asubuhi. Miamba inabaki wazi kwa muda mfupi tu, kwa hiyo panga safari kwa mwezi, si kwa tarehe za ofisini. Bamvua la kwanza nenda mikono mitupu. Tazama nani hutangulia, nani hunyamaza mchuuzi akifika, wanarudi kwa njia ipi. Kisha andika swali moja kwenye karatasi, mfano: nani huamua bei ya pweza huyu? Picha isiyogusa swali hilo, hata iwe nzuri kiasi gani, usiifukuzie.

Vibali vianze mapema: Bodi ya Filamu, kisha mtendaji na mwenyekiti wa kijiji. Msimbati imo ndani ya Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, hivyo pita pia ofisi ya hifadhi. Droni ina kibali chake, cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga.

Weka fremu 25 kwa sekunde na shata, yaani muda wa kila fremu kupokea mwanga, 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa 50 Hz, yaani mizunguko 50 kwa sekunde. Ukipiga fremu 30 kwa shata 1/60, taa za dukani jioni zitapepesa, na kuliondoa hilo kwenye uhariri ni mateso. Sasa hesabu ya mwanga: jua kali, ISO (kipimo cha kamera kuhisi mwanga) 100 na shata 1/50 vinadai f/22, tundu dogo la lenzi. Ukitaka f/4, tundu kubwa, lazima upunguze stopu 5 (kila stopu hukata mwanga nusu), yaani utumie kichujio cha kupunguza mwanga cha ND32. Kamera inayorekodi logi (picha iliyofifia ya kurekebishwa rangi baadaye) kwa ISO 800 inadai stopu 3 zaidi, ND256. Polaraiza, kichujio kingine cha lenzi, hukata mng'ao wa maji hadi shimo la pweza likaonekana, lakini nayo hula stopu 1 hadi 2, kwa hiyo tumia ND nyepesi zaidi. Pima mwanga usoni kwa mtu. Kamera ikijipimia yenyewe hudanganywa na mchanga mweupe, na uso wa mama unageuka kivuli.

Sauti ndiyo huharibika zaidi. Maiki ndogo ikae kifuani chini ya kanga, ibanwe kwa utepe pande zote mbili ili kitambaa kisiisugue, na ivikwe manyoya ya kuzuia upepo. Kirushio cha sauti ya maiki hiyo kisikae kiunoni, maana atainama majini; kifunge juu mgongoni ndani ya mpira mwembamba. Kilele cha sauti kisipite -12 dB.

Mchokoo, kijiti cha kuchokolea pweza, ukiingia shimoni, kaa kimya. Kila picha ishike angalau sekunde 10: mikono, uso, kile anachokitazama, kisha mwache atoke ndani ya fremu. Usimwombe arudie. Pweza wa pili atakuwa maigizo, na mtazamaji wa pwani atayajua. Maswali subiri wakati wa kurudi, ndoo iko kichwani na maongezi yamejitokeza yenyewe. Wakigeukia Kimakonde, usizime kamera wala usiwaombe warudi kwenye Kiswahili. Jioni keti na mkalimani aandike kila neno na muda wake. Mara nyingi humo ndimo filamu ilimo.

Usibadilishe lenzi miambani. Jioni futa kamera kwa kitambaa chenye unyevu kidogo wa maji baridi yasiyo na chumvi, kisha kikavu. Video ya megabiti 100 kwa sekunde hula takriban GB 45 kwa saa. Nakili kwenye diski mbili kabla ya kulala, moja ilale nyumba nyingine, ndipo ufute kadi.

Shirika likikuajiri, mkataba utenganishe malipo ya upigaji picha na ya uongozaji, kila moja kwa siku zake, siku za kwenda bila kamera zikihesabiwa kwenye uongozaji. Andika pia nani anamiliki picha ghafi na nani ana neno la mwisho katika uhariri. Visipoandikwa, utalipwa kama mshika kamera tu.