Glasi zikae wapi kwenye meza rasmi

Juzi mpwa wangu alipewa kupanga meza za harusi. Saa tatu usiku akanipigia: "Shangazi, glasi ya maji inaanza au inamalizia?" Nilimwelekeza hivi.

1. Sahani, uma na visu vitangulie. Glasi hupimwa kwa kisu, kwa hiyo usiziguse kabla.

2. Glasi ya maji: juu ya ncha ya kisu kikubwa, nafasi ya vidole viwili.

3. Za mvinyo zinafuata kuelekea kulia, zikishuka kidogo. Ya kunywewa kwanza ndiyo ya nje kabisa, karibu na mkono. Kwa hiyo mvinyo mweupe wa samaki uko nje, mwekundu wa nyama ndani. Hakuna mvinyo? Glasi ya juisi ichukue nafasi hiyo.

4. Meza ya duara. Hapa ndipo nilipoumbuka. Nilipanga watu kumi kwenye meza ya sentimita 180, glasi tatu tatu kwa mstari (ya maji, ya mvinyo, ya shampeni), nikaona imependeza. MC alipotangaza kugonganisha glasi, mzee mmoja alikuwa ameshachukua ya jirani wa kushoto, jirani naye akachukua ya jirani yake, hadi mama wa mwisho akabaki mikono mitupu. Hesabu nilizifanya baadaye. Ukingoni kila mgeni ana sentimita 56, lakini sentimita 30 kuelekea katikati, zinakokaa glasi, anabaki na 37 tu. Sahani imekula 27. Glasi ya tatu lazima iangukie kwenye sahani ya mkate ya jirani. Basi: acha mstari, panga pembetatu, ya shampeni ikae nyuma katikati ya zile mbili. Sahani ya mkate isogeze mbele ya ncha za uma. Bora zaidi, kataa watu kumi, wawe wanane (mwenye sherehe atanuna kuhusu meza za ziada, mwache anune). Kisha kaa kwenye kiti mwenyewe, nyosha mkono wa kulia. Ukisita hata kidogo, mgeni naye atasita.

5. Futa kwa kitambaa cha pamba kisichotoa nyuzi, umeshika mguu wa glasi. Tishu sitaki kuiona.

6. Leso iliyokunjwa ua ndani ya glasi, hapana. Umefuta yote hayo halafu unaingiza vidole tena? Na mgeni akiivuta, glasi inakuja nayo. Leso ikae juu ya sahani.