Taa ya buibui mrukaji: mambo ya kuweka sawa kabla hajafika

Buibui mrukaji hategi utando wa kunasia mawindo. Anawinda mchana, kwa macho. Ukimfuga gizani atajifungia kwenye kiota chake na kula kwa shida, kwa hiyo taa ifungwe na ijaribiwe kabla hujamleta.

Tafuta LED nyeupe ya kelvini (kipimo cha rangi ya mwanga) 5000 hadi 6500. Namba hiyo huandikwa kwenye boksi. Kizimba cha sentimita 20 kwa 20, kimo 30, kinatoshwa na wati 5. Taa ya UVB (mionzi ya urujuanimno) wanayotumia wafugaji wa vinyonga si ya lazima kwake. Balbu nyekundu usinunue kabisa. Mwaka 2012 watafiti wa Japani walionyesha kwamba Hasarius adansoni, mrukaji anayeishi majumbani katika nchi nyingi za joto, hupima umbali kwa kutegemea mwanga wa kijani. Chini ya mwanga mwekundu aliruka akaishia njiani, windo hakulifikia.

Taa ikae nje, juu ya mfuniko. Ukiiweka ndani atasokota kiota juu yake, na tundu la waya litakuwa mlango wake wa kutorokea. Tena kiota hujengwa juu kabisa, sentimita chache tu chini ya taa, na hapo ndipo joto linapoua. Siku moja kabla, bandika kipimajoto chini ya mfuniko, washa taa saa tano mfululizo, kisha soma. Nyuzi 24 hadi 28 ni sawa. Zikipita 30, inua taa kwa vipande vya mbao au weka ya wati chache. Halojeni haifai, na jua la moja kwa moja dirishani halifai zaidi: kizimba kidogo hupata joto upesi mno.

Funga taima iwashe saa moja asubuhi na kuzima saa moja jioni. Usiku awe na giza kamili. Umeme ukikatika mchana, msogeze karibu na dirisha lisilopigwa na jua. LED ya USB inaweza pia kuwaka kwa pawabenki. Na kwa kuwa taa hukausha matone anayokunywa, andaa chupa ya kupulizia ulowanishe ukuta mmoja kila asubuhi.

Akijifungia wiki mbili ilhali taa na joto viko sawa, huenda anajiandaa kujivua gamba. Usichane kiota, wala usiongeze mwanga.