Neno Linapobishaniwa: Namna ya Kutumia Kamusi Kukata Shauri

Mmoja anasema "hilo si Kiswahili", mwenzake anajibu "mbona limo kwenye kamusi?", kisha kila mtu anafungua ukurasa unaomfaa. Kamusi ikitumiwa namna hiyo haiamui kitu. Yapo maswali machache ambayo kamusi huyajibu vizuri sana. Ukiiuliza lisilo lake, itakupa jibu lenye sura ya uhakika ambalo halina uhusiano na mnachobishania. Wahariri, wafasiri, walimu wanaosahihisha insha na wote wanaoandika mikataba na katiba za vikundi hukutana na jambo hili kila wiki, na wengi huanzia mahali pasipofaa: huanza na kamusi badala ya sentensi.

Andikeni swali kabla ya kufungua kamusi

Nakilini sentensi nzima yenye neno hilo kama ilivyo, pamoja na iliyotangulia na inayofuata. Kisha amueni mnabishania nini hasa. Je, ni tahajia? Ni ngeli au wingi? Ni iwapo neno lipo? Ni maana yake? Au ni iwapo linafaa mahali hapo?

Kwenye tahajia kamusi ina nguvu zote. Aliyeandika "kuhairisha" hana utetezi, kwa kuwa kamusi sanifu zinatoa "ahirisha". Ndivyo ilivyo kwa maneno yanayochanganywa kwa sababu ya matamshi: "dhana" ni wazo, "zana" ni vifaa vya kazi, "dhamana" ni jukumu la kumsimamia mtu au deni, "thamani" ni bei au ubora wa kitu. Hapo ubishi huisha kwa dakika moja, na ni vizuri uishe.

Kwenye ngeli na wingi pia kamusi ni imara, ila hukumu yake ni ya usanifu tu, yaani ya Kiswahili sanifu. Kwa mujibu wa kamusi, "saa" iko kwenye ngeli ya i-/zi-, kwa hiyo wingi wake ni "saa" na tunasema "saa nyingi zimepita". Mhariri wa gazeti au kitabu cha shule ana haki ya kufuta "masaa". Lakini hawezi kudai kwamba msomaji wa tangazo lililoandikwa "masaa 24" hakuelewa, wala kwamba ahadi iliyotolewa humo imebatilika.

Ugumu unaanza kwenye maana. Tuchukue mfano mmoja hadi mwisho.

Muhtasari wa kikao unasema: "Kikundi kitakodisha viti 200 siku ya mahafali." Mweka hazina anaelewa kwamba kikundi kitachukua viti kwa mtu na kulipia. Mjumbe mwingine anasema hapana, kikundi kina viti vyake na kitavitoa kwa malipo. Mkifungua kamusi mtakuta "kodi" ni kuchukua kitu ukitumie kwa malipo, na "kodisha" ni kukitoa kitumiwe kwa malipo. Kiambishi -ish- ndicho kinachogeuza upande, kama ilivyo kwa "kopa" na "kopesha". Mjumbe ameshinda? Bado. Watu wengi mitaani husema "kukodisha" kwa pande zote mbili, na mwandishi wa muhtasari huenda ni mmoja wao. Someni mstari unaofuata. Mstari huo ukisema "Mweka hazina atalipa malipo ya awali kabla ya tarehe 10", mwenye kulipa ni kikundi, basi kilichokubaliwa ni kukodi. Kamusi imewaambia kwamba mwandishi amekosea neno. Haikuwaambia alikubali nini. Hayo ni majibu mawili, na muhtasari unaorekebishwa uyataje yote mawili.

Linganisheni na "azima". Kamusi hutoa maana za pande zote mbili, kuchukua na kutoa, tena ipo nomino "azima" yenye maana ya kinga au hirizi. Hapa kinachoamua ni umbo la sentensi. "Ameazima baiskeli kwa jirani" ni kuchukua, "amemwazima jirani baiskeli" ni kutoa. Tazameni kiambishi cha mtendwa (hapa ni -mw-) kabla ya kurushiana kurasa.

Kamusi ipi

Kwa Kiswahili sanifu cha leo, anzeni na kamusi za lugha moja zilizotungwa na taasisi. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya TUKI (Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili), ambayo sasa ni TATAKI (Taasisi ya Taaluma za Kiswahili) ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilitoka mwaka 1981, toleo la pili likaja 2004 na la tatu 2013. BAKITA, yaani Baraza la Kiswahili la Taifa, lilitoa Kamusi Kuu ya Kiswahili mwaka 2015. Kwa matumizi ya Zanzibar ipo Kamusi la Kiswahili Fasaha ya BAKIZA (Baraza la Kiswahili Zanzibar) ya mwaka 2010. Mbili kati ya hizi zinatosha kwa ubishi wa kawaida.

Angalieni kosa moja linalowapotosha hata wazoefu: kuhesabu kamusi kama kura. Watunzi wa kamusi husomana. Mkikuta fasili mbili, yaani maelezo mawili ya maana, zinafanana neno kwa neno, zihesabuni kuwa ushahidi mmoja, hata kama majalada ni mawili. Fasili zinazosema jambo lilelile kwa maneno tofauti, na zenye mifano tofauti, zina uzito zaidi. Kamusi za intaneti zisizotaja toleo wala mwaka zitumieni kutafutia tu. Ushahidi wenyewe uchukueni kwenye kitabu.

Kamusi za lugha mbili ziwekeni pembeni katika ubishi wa maana ya Kiswahili. Zinatoa neno la lugha nyingine linalokaribiana, na hilo neno nalo lina maana zake nyingi. Mtu akileta maana ya tatu ya neno la Kiingereza na kuirudisha kwenye neno la Kiswahili, amejitungia maana.

Kulifikia neno lenyewe

Kabla hamjasema "halimo", hakikisheni mmelitafuta panapostahili. Vitenzi hutafutwa bila ku-, kwa mzizi wake. Nomino hutafutwa kwa umoja: "nyuso" iko kwenye "uso", "meno" kwenye "jino". Vitenzi vilivyonyambuliwa mara nyingi hukaa ndani ya kitomeo (neno na maelezo yake yote) cha kitenzi mama, kwa hiyo "pigania" huenda ikawa mwishoni mwa "piga". Katika kamusi ya Kiswahili-Kiingereza ya Johnson ya mwaka 1939 hata nomino nyingi zimewekwa chini ya kitenzi zilikotoka.

Kisha tazameni tarakimu ndogo juu ya kidahizo, yaani neno linaloanzisha kitomeo. Inaonyesha kwamba maneno mawili au matatu yameandikwa sawa lakini hayana asili moja. "Kaa" peke yake ni kitenzi cha kuketi au kuishi, ni kipande cha makaa, na ni yule mnyama wa baharini mwenye gamba na magando. Tarakimu za ndani ya kitomeo ni jambo jingine: hizo ni maana mbalimbali za neno moja. Watu huzichanganya, halafu hubishana juu ya "maana ya pili" huku kila mmoja akitazama kitu tofauti.

Na maana ya 1 si maana "halisi". Kamusi nyingine hutanguliza inayotumika sana, nyingine hutanguliza ya asili. Sera ya mpangilio huelezwa kwenye utangulizi, pamoja na orodha ya vifupisho kama nm kwa nomino, kt kwa kitenzi, kv kwa kivumishi na kl kwa kielezi. Kurasa hizo chache za mwanzo husomwa na wachache, nazo ndizo zinazowaambia kamusi ilikusudia kufanya nini. Someni pia mifano ya matumizi. Mara nyingi fasili ni kisawe kimoja tu, na mkikifuata kisawe hicho kinawarudisha mlikotoka. Duara hilo likijifunga, hameni kamusi.

Umri wa maandishi na mahali yalipoandikwa

Neno la mwaka 1900 lisihukumiwe kwa kamusi ya 2013. "Ufisadi" kwa msomaji wa magazeti ya leo ni wizi wa mali ya umma na rushwa. Katika maandishi ya zamani fisadi ni mwovu, mharibifu, hasa wa wanawake. "Ujamaa" kabla ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 ulikuwa zaidi undugu na uhusiano wa jamaa. Baada ya hapo ukawa pia jina la siasa ya nchi. Kwa hiyo, mkisoma barua au shairi, tafuteni kamusi iliyo karibu na tarehe yake. Hapo hata kamusi za lugha mbili za zamani zinasaidia. Kamusi ya Krapf, iliyochapwa 1882, inafaa sana kwa Kiswahili cha Mombasa, ila tahajia yake ni ya wakati wake, kwa hiyo jaribuni kulitafuta neno kwa herufi zaidi ya moja. Ya Sacleux, iliyotoka 1939 kwa Kifaransa, ina faida ya kutaja lahaja.

Mahali pana uzito uleule. Mkutano wa Mombasa wa 1928 uliichagua Kiunguja, lahaja ya Unguja, kuwa msingi wa usanifu, na kamusi sanifu zimejengwa juu ya msingi huo. Kwa hiyo neno la Kimvita (lahaja ya Mombasa) au la Kiamu (lahaja ya Lamu) likikosekana humo, kukosekana kwake hakuthibitishi kosa. Anayeandika mtihani analazimika kufuata usanifu. Mshairi wa Lamu halazimiki.

Hapa ndipo tunapopaswa kusema kwa mkazo: neno kutokuwemo kwenye kamusi kunathibitisha tu kwamba watunzi hawakuliingiza. Huenda ni jipya, la taaluma, au la sehemu moja. Kuwemo ni ushahidi mzuri. Kutokuwemo ni ushahidi dhaifu sana, na ubishi mwingi wenye kelele umejengwa juu ya udhaifu huo.

Siku na vipimo

Haya yanastahili uangalifu wa pekee, kwa kuwa yanagusa fedha. Kesho kutwa ni siku ya pili baada ya leo, mtondo ya tatu, mtondogoo ya nne. Leo ikiwa Jumatatu, mtondo ni Alhamisi na mtondogoo ni Ijumaa. Lakini anayeanza kuhesabu na leo yenyewe atafika siku moja mapema. Mkikuta fasili inayosema "siku ya nne", tafuteni kwanza kama leo imehesabiwa. "Usiku wa Ijumaa" una mtego mbaya zaidi: kwa hesabu ya jadi ya Waswahili siku huanza jua linapotua, kwa hiyo ni usiku unaotangulia mchana wa Ijumaa. Wengi sasa husema "usiku wa kuamkia Ijumaa" ili kuepuka mkanganyiko.

Pishi ni vibaba vinne. Ni kipimo cha ujazo. Pishi ya mchele na pishi ya unga hazina uzito sawa, basi asitokee mtu wa kudai kilo kamili kutoka kwenye kamusi. Pimeni nafaka yenyewe.

Mkataba na sheria

Ndani ya sheria au mkataba kamusi huja mwisho. Kwanza tafuteni kifungu cha tafsiri, yaani kinachoeleza maana ya maneno, ndani ya waraka wenyewe. Kwa sheria za Tanzania inafuata Sheria ya Tafsiri ya Sheria, Sura ya 1, ambayo marekebisho ya 2021 yaliifanya itamke Kiswahili kuwa lugha ya sheria. "Mtoto" anaonyesha sababu. Kwenye kamusi ni mtu mwenye umri mdogo, na pia ni mwana wa fulani, hata akiwa na miaka 50. Kwenye Sheria ya Mtoto ya 2009 ni aliye chini ya miaka 18. Wasia unaosema "watoto wangu wote" hausomwi kwa Sheria ya Mtoto, na kanuni za shule hazisomwi kwa kamusi. Anayeandika mkataba mpya aweke fasili za maneno yake yenye utata papo hapo. Maneno manne au matano yaliyofasiliwa vizuri yana faida kuliko kuandika "maana itakuwa kama ilivyo kwenye kamusi" bila kutaja kamusi ipi wala toleo lipi.

Kuandika hoja, na kamusi ikishindwa

Tajeni jina la kamusi, mchapishaji, toleo, mwaka, kidahizo pamoja na tarakimu yake, na namba ya maana. Nakilini fasili nzima bila kukata kipande kisichowapendeza. Tajeni pia maana zinazompa nguvu mpinzani, kisha elezeni kwa nini sentensi hii inazikataa. Hoja isiyofanya hivyo huporomoka mara mwenzako anapofungua ukurasa uleule.

Kamusi zikitofautiana au zikinyamaza, kusanyeni sentensi. Chukueni za waandishi tofauti, kutoka magazeti, vitabu na hotuba zilizochapishwa, na zote ziwe za kabla ya ubishi wenu kuanza. Ziandikeni pamoja na tarehe. Hivyo ndivyo mnavyoweza kuonyesha, kwa mfano, jinsi "changamoto" ilivyosogea kutoka kwenye jambo linalomtia mtu ari ya kujituma hadi kuwa jina la upole la tatizo, bila kungoja toleo lijalo. Ubishi ukiwa juu ya istilahi ya kazi rasmi, waandikieni BAKITA, au BAKIZA mkiwa Zanzibar, na mpeleke sentensi yote pamoja na fasili mlizozikuta. Neno likipelekwa peke yake mtajibiwa kuhusu neno, na sentensi yenu itabaki na utata uleule.